Vyuma vya Baraza Letu Viko Madhabahuni

Shangazi Bilha mpendwa,

Nishike mkono, maana nimebeba jambo ambalo siwezi kulisema kanisani, siwezi kulisema saluni kwangu, na nyumbani ndiyo siwezi kabisa, kwa sababu yule ambaye ningemwambia ndiye aliyelifanya, na amelifanya kwa mapenzi, na hapo ndipo ninaposhindwa.

Mimi ni mama Mkongomani kutoka Bukavu, nina saluni ndogo ya kusuka hapa Durban, na mume wangu Ruphin ni fundi wa kuchomelea vyuma katika kiwanda kimoja kule Jacobs. Tulipofika nchi hii tulikaa Berea, chumba kimoja tulichogawana na familia nyingine kwa pazia, na watoto wetu walijifunza kucheka kwa sauti ya chini ili wasiwaudhi wa upande wa pili. Kwa hiyo Shangazi, ninapoandika kwamba leo tuna nyumba yetu wenyewe pale Point, karibu na bandari, naomba uniruhusu nijivune kidogo kabla sijaanza kulia.

Si nyumba hivi hivi tu, ni moja ya nyumba tano zilizoshikana bega kwa bega, ukuta wa huyu ndio ukuta wa yule, zilizojengwa enzi za malkia Victoria wa Waingereza kwa ajili ya makarani wa bandari, zina paa moja la bati, madirisha marefu, na baraza moja linalopita mbele ya zote tano kutoka kona hadi kona, na kwenye hilo baraza kuna vyuma vya maua, yaani chuma kilichoyeyushwa kikamiminwa kwenye kalibu mpaka kikatoka na majani na vitundu na maua madogo kama lesi ya gauni la harusi. Yetu ni ya mwisho, ile ya kona, ambayo meli zikiingia unaziona zinapita nyuma ya mabohari. Maharusi wetu wa Kikongo na wa Kikenya wakitoka kanisani huja kupiga picha pale mbele bila hata kutuuliza, nami hutoka na maji ya kunywa nikamnyoosha bibi harusi shela lake, na saluni wateja huniita mama wa nyumba ya maua, na mimi huitika.

Wenye nyumba zile tano tuna kamati. Mwenyekiti ni jirani yetu Lennox, Mkenya anayefundisha chuo kikuu, na roho ya kamati ni mama mzee Doris wa nyumba ya katikati, aliyeingia pale akiwa bibi harusi na sasa ni mjane. Mimi ndiye niliyeupiga msasa mlango wetu, nikavua rangi tabaka baada ya tabaka mpaka nikaikuta ile ya kwanza kabisa, kijani kilekile cha sombe mbichi, yale majani ya muhogo tunayopika, na kamati ikakubali nyumba zote tano zipakwe hiyo, na mwaka jana zikaandikwa zote kuwa urithi, kwamba hazivunjwi wala mbele hapabadilishwi kitu bila ruhusa. Sasa kuna kibao cha shaba kinakuja, na Doris akasema kiwekwe kwenye nguzo yetu sisi wa kona, ili mtu akitoka bandarini akisome kwanza pale. Sisi, Shangazi, tuliokuja nchi hii na begi moja! Siku hiyo nilimpikia Doris sombe, akala mpaka akaomba ya kubeba.

Basi, mwezi uliopita nikaenda Johannesburg kwenye mkutano wa akina mama wa kanisa, juma zima. Niliporudi Ruphin alinipokea stendi ya mabasi amevaa suti, nikamwuliza kuna nini, akacheka tu, na tulipokaribia nyumbani akachukua kitenge changu akanifunga macho, nikasikia kwaya yetu nzima inaimba barabarani, nikadhani kuna mtu amefunga ndoa.

"Chérie, sasa fungua macho," akasema.

Nikafungua. Shangazi, baraza letu halikuwepo. Ukuta wote wa mbele umevikwa vigae vyeupe vinavyong'aa mpaka unajiona meno, na chini wamepanga nguzo fupi za zege, zile nene zenye tumbo kama mtungi, zimepakwa rangi ya dhahabu. Kwetu Bukavu mtu akifanikiwa anajenga hivyo, sisemi ni vibaya, hata baba yangu mdogo anayo nyumba ya namna hiyo na tunamheshimu nayo. Lakini vyuma vya maua havikuwepo, na upande wa pili, pale ukuta wetu unapokutana na wa jirani, lesi imekatika ghafla kama mtu aliyeziba mdomo katikati ya neno.

Nikauliza viko wapi. Ruphin akanishika bega mbele ya watu wote.

"Mama Cathy, kila siku unalalamika kama baraza inaomba kutengenezwa. Njo tumeitengeneza! Mimi na wababa wa kanisa, wiki nzima, hatukulala. Na bile vyuma bya zamani sikutupa, hapana. Nilimupatia Mungu."

Kanisa letu liko ghorofani, juu ya duka la simu. Ruphin alivipandisha vyuma vyote kwa ngazi, akatengeneza navyo uzio wa madhabahu, na hakuvichomelea, maana chuma cha namna ile ukikichomelea ovyo kinapasuka, alivifunga kwa bolti kwenye fremu mpya, kazi safi kabisa, akavipaka dhahabu. Jumapili Mchungaji Cyprian akaviombea na kuvimwagia mafuta, akapaza sauti, "Angalieni! Vyuma vya wakoloni, leo vinamutumikia Bwana!" na kanisa lote likasimama, na Ruphin akasimama mbele analia, na miaka yote ya ndoa yetu sijawahi kumwona mrefu vile. Na mimi nikalia, na kila mtu akadhani ni furaha, na jioni aliponiuliza, "Chérie, imekupendeza?" nikamjibu, "Oui, papa, iko muzuri sana."

Nilimdanganya, Shangazi, na sasa kila akitoka kazini anasimama ng'ambo ya barabara anaitazama ile kazi yake kabla hajaingia ndani, na mimi namchungulia dirishani na moyo unaniuma pande mbili.

Doris hanisalimii tena. Kumbe siku ile ya kwanza wanaume wanabomoa alitoka nje na gauni la kulalia akawafokea kwa Kiingereza wasiguse kitu, nao Kiingereza chao ni kidogo, wakadhani anawapongeza, wakamwinulia kidole gumba, "Sharp, mama, sharp!" Lennox yeye alikuwa likizo Nairobi, na aliporudi nilimwona amesimama pale robot, kwenye taa za barabarani, na sanduku lake, taa ikawa kijani, ikawa nyekundu, ikawa kijani tena, hakuvuka. Baadaye akaja. "Mama Cathy, aki ya nani, mmefanya nini?" Mkaguzi wa urithi ameshapita akaona, Ruphin akiwa kazini, amesema mbele parudi kama palivyokuwa, la sivyo tutashitakiwa, kibao hakiwekwi, na hata zile nyumba nne zitaanza kuulizwa upya kwa sababu mstari uliokatwa kona si mstari tena. Lennox amemwomba asubiri mpaka mwisho wa mwezi, amemwambia kwamba mimi nitazungumza na mume wangu.

Nitazungumzaje? Nikimwambia Ruphin ukweli nitamvunja, na atajua kwamba nilimdanganya usoni. Nikienda kwa mchungaji, kwetu kitu kilichotolewa shukrani na kumwagiwa mafuta hakirudishwi, watasema mke wa Ruphin amemnyang'anya Mungu kwa ajili ya kufurahisha Wazungu waliokufa. Nikinyamaza, Doris atakufa na kinyongo na mimi, na nyumba tano zitapoteza heshima kwa sababu ya yetu. Nataka nyumba, nataka mume, nataka na kanisa. Niambie nianzie wapi, na tafadhali ficha jina langu.

Ni mimi,
Mwenye Baraza, Point


SHANGAZI BILHA ANAJIBU

Jameni, mama! Unaniomba nifiche jina lako huku umemtaja mumeo, mchungaji, majirani wawili, mtoto, na mpaka rangi ya mlango. Hata nikikuita Malkia wa Sheba, Point nzima kuna baraza moja tu lenye vigae vya bafuni, na wanaoshuka melini wanalijua. Gazeti hili linatoka Ijumaa na linasomwa saluni, ya kwako ikiwemo. Ndiyo maana nakutumia jibu hili wewe kwanza, leo Jumatatu. Una mpaka Ijumaa kumwambia Ruphin kwa mdomo wako, kabla hajaambiwa na mteja wako aliyeinamisha kichwa asukwe.

Pole, kwanza. Nasema pole ya kweli. Kutoka nyuma ya pazia la Berea mpaka kwenye nguzo ya kibao cha shaba si mchezo, na unayo haki ya kujivuna mpaka vifungo vya blauzi vikatike. Mimi mwenyewe, nikipita hapo kwa taxi na wageni wa kutoka Nairobi, huwaonyesha: mnaiona ile ya kona? Wenyewe ni watu wetu, watu wa Kiswahili. Halafu nawaacha wameze mate. Kwa hiyo usidhani unaniandikia mtu asiyeijua nyumba yako.

Sasa kaa vizuri nikugombeze. Nimeisoma barua yako mara mbili nikimtafuta Ruphin ndani ya kamati, sikumwona. Lennox yumo, Doris yumo, wewe umo na msasa wako. Ruphin yuko wapi? Yuko Jacobs anachomelea, au yuko jikoni mnapozungumza Kiingereza sebuleni, kwa sababu yeye ana Kifaransa na Kiswahili na hakuna aliyejisumbua kumtafsiria. Mumeo ni fundi wa vyuma, mama. Umeishi chini ya vyuma vya namna hiyo na fundi wa vyuma, na hukuwahi kumkalisha kibarazani ukamwambia: ona hivi, hivi ndivyo vinavyonifanya nitembee kichwa juu. Ulichomwambia ni kwamba baraza linahitaji kutengenezwa. Naye akalitengeneza! Fahari ya nyumba umeigawana na majirani, mumeo ukamwachia malalamiko.

Hakukukosea adabu. Amekupa fahari ya aina anayoijua yeye, na hata kwetu Kitale mtu akifanikiwa tunamwona kwenye vigae. Ulipomwambia iko muzuri sana, ukamfungia mlango wa kujua. Wacha kusema utamvunja. Mwanaume aliyepandisha mzigo ule wote ghorofani kwa ngazi, kwa ajili ya Mungu na kwa ajili yako, havunjwi na maneno ya jikoni. Atavunjwa akiyasikia kwa mwingine.

Ruphin naye simwachi. Baba, shukrani yako ni njema, ila umetoa sadaka mkono wa gauni ambalo halikuwa lako peke yako. Baraza lile ni moja, na wenyewe ni watano. Mama Cathy, hapa usimletee habari za malkia Victoria wala sheria za urithi, hatazisikia. Mwambie habari ya uniforme. Nyinyi Wakongomani ndio mabingwa wa hilo, na sisi Wakenya tumeiga kwenu. Harusi ikija, kamati inachagua kitenge kimoja, kila mama anaenda kwa fundi wake kushona anavyotaka, huyu mabega mapana, yule mgongo wazi, lakini kitambaa ni kile kile. Sasa mama mmoja aje na satini yake inayong'aa, nzuri kabisa, asimame pembeni kwenye picha. Hakuna atakayesema gauni ni baya. Watasema ametuacha. Mbele ya nyumba zenu ndiyo kitambaa cha uniforme. Ndani na uani ndiyo mshono wako. Ukifika hapo Ruphin atakuwa ameshaelewa, maana ameshavaa uniforme nyingi kuliko mimi.

Habari ya kanisa inakutisha bure. Usiende kwa Mchungaji Cyprian peke yako, na usiende kudai kitu. Ruphin ndiye aende, wewe kaa pembeni yake ufunge mdomo, najua utaona taabu. Na asiende kuomba sadaka irudi, aende kuleta nyingine. Hapo madhabahuni amempa Mungu chuma cha mtumba, kizuri, lakini mtumba. Sasa amtengenezee uzio wa mikono yake mwenyewe, wa maua atakayoyabuni mwenyewe, mpya, ambao hakuna nyumba nyingine duniani inao. Vile vya zamani visiondoke mpaka vipya vimesimama, madhabahu isibaki wazi hata Jumapili moja watu wakaanza kunong'ona. Mafuta ya mchungaji hayajaisha, atamwaga tena. Na kilichofungwa kwa bolti kinafunguliwa kwa spana. Hapo mumeo alikuokoa bila kujua. Ile dhahabu ataitoa taratibu, asikwangue kwa hasira.

Mchungaji akisema hivyo ni vyuma vya wakoloni, mwambieni kwa heshima kwamba walioviweka wamekwisha kufa, na aliyeshika ufunguo wa nyumba ni mtoto wa Bukavu. Vya wakoloni kivipi tena?

Nyumbani, mtu asishike nyundo. Mlibomoa bila ruhusa, msije mkarudisha bila ruhusa mkaongeza kosa juu ya kosa. Mwambie Lennox aite kikao na mkaguzi awepo, na kikao hicho kiendeshwe kwa Kiswahili. Lennox ni Mkenya, hana kisingizio, na hao wa Kiingereza watafsiriwe wao kwa mara moja waone inavyokuwa. Ruphin akae kiti cha mbele aeleze mwenyewe alivyovifungua na atakavyovirudisha, na mkaguzi aseme kipi kikubaliwe na kipi kikataliwe. Vigae vitakavyotoka vizima vipelekeni uani, mkiialika kwaya ile huko, na mng'ae mpaka mchoke. Zile nguzo za tumbo sina ushauri nazo, labda kanisani kuna ngazi inazihitaji.

Doris usimwandikie, usimtumie mtoto, usingoje mambo yatulie. Pika sombe siku hiyohiyo utakayomwambia Ruphin. Mwende wawili, na sufuria aibebe Ruphin. Aombe msamaha kwa Kiswahili chake, wewe tafsiri neno kwa neno, usimpunguzie wala usimwongezee. Kisha amwombe ruhusa avitazame vyuma vya baraza lake, maana hapo karibu na bahari hakuna chuma kisicho na kutu, na mwenye kuvitunza mlikuwa mnaye ndani ya mstari siku zote hizi. Mama mzee aliyewafokea wanaume wenye nyundo akiwa na gauni la kulalia hafi na kinyongo. Anangoja mtu abishe hodi.

Lakini yote hayo yanaanzia jikoni, kwa Ruphin, na hapo usianze na mkaguzi, wala na Lennox, wala na mwisho wa mwezi. Zima simu, kaa karibu, anza hivi: siku ile nililia, na sikukuambia kwa nini. Halafu mwambie yote uliyoniambia mimi, hata habari ya kucheka kwa sauti ya chini kule Berea. Hiyo hasa. Atajua unaongea nini.

Na siku ya kibao, bisibisi ashike yeye. Nguzo ni yake, kazi ni yake, akaze kila skurubu watu wa bandarini wakimtazama. Mimi nitakuja, nimeshanunua kitenge. Wewe utalia tena, nakujua. Safari hii mgeukie umwambie kwa nini.